Kuchambua Ukristo kwenye filamu: mwongozo kwa vikundi vya vijana Mombasa

Usionyeshe filamu nzima. Chagua kipande kimoja cha dakika 5 hadi 8 kwa kikao cha saa moja na nusu. Watu wakikaa saa mbili mbele ya filamu huchoka, na mjadala huishia "nzuri" au "mbaya".

Kama mko uani, pitisha kijiti kwenye upindo wa chini wa shuka jeupe, kusi lisilipeperushe. Anzeni baada ya adhana ya isha, spika ikielekea ndani. Majirani nao wanaswali.

Onyesha kipande mara mbili. Kwanza zima sauti, maana muziki hutuambia nani mwovu kabla hajatenda lolote. Muziki ukinyamaza, macho huona kola, mishumaa, kamera inavyomtazama padre kutoka chini. Kisha washa sauti, kila mtu ajaze safu tatu: nilichoona, Biblia au kanuni za kanisa zinasemaje, mwongozaji alikihitaji kwa nini.

Safu ya pili ndiyo yenye kazi. Mamajusi watatu zizini? Mathayo 2 haitaji idadi, na mstari wa 11 unasema waliingia nyumbani. Hori limo Luka 2. Maria Magdalena kahaba? Luka 8:2 inasema alitokwa na pepo saba, basi. Ni mahubiri ya Papa Gregori I, mwaka 591, yaliyomuunganisha na mwenye dhambi wa Luka 7. Padre anayekurupuka usiku kutoa pepo? Kanuni ya 1172 ya sheria za Kanisa Katoliki yadai ruhusa mahsusi ya askofu. Hapo safu ya tatu hujijibu: kusubiri ruhusa hakumtishi mtazamaji. Lakini msiilaumu filamu kabla ya kujua imefuata injili gani. Ile ya Jesus ya 1979 ilifuata Luka, basi ipimeni kwa Luka.

Kikundi chenye madhehebu tofauti hukwama hapa: filamu za kutisha za Marekani hupenda Ukatoliki kwa kuwa unaonekana, yaani kanzu, sanamu, Kilatini. Za Nigeria humpenda mchungaji wa suti na mafuta ya upako. Kijana anayesali kanisa la mabati Kisauni atasema hilo si kanisa lake, na Mkatoliki atajitetea. Usiwaache washindane. Waulize wote: ibada yako ya Jumapili ingepigwa picha vipi bila kuongezwa chumvi?

Angalia pia daraja la umri kabla ya kuchagua. Filamu ya 18 isionyeshwe darasa la kipaimara, hata kipande.