Kabla hujasaini mkopo wa nyumba, piga hesabu ya miaka yote

Namba ya kwanza ambayo afisa mikopo humwandikia mteja kwenye karatasi ni rejesho la mwezi. Mteja huitazama, huukumbuka mshahara wake, huona inaingia, na kwa wengi mazungumzo huishia hapo. Rejesho la mwezi lina kazi yake: linakuambia kama utamudu mwezi. Nyumba itakugharimu kiasi gani, halikuambii. Mikopo miwili yenye marejesho yanayokaribiana inaweza kupishana kwa kiasi kinacholingana na mkopo wenyewe, kwa hiyo kaa kwanza na kalamu na kikokotoo, halafu ndiyo ukae na benki.

Tuchukue mkopo wa 10,000,000, wa fedha yoyote ile, riba asilimia 12 kwa mwaka, ikikokotolewa kwenye salio linalopungua, yaani juu ya deni lililobaki tu, muda miaka 20. Rejesho linakuja kama 110,100 kwa mwezi. Zidisha kwa miezi 240: unarudisha karibu 26,430,000. Ulichokopa ni milioni 10, riba ni milioni 16 na ushee.

Sasa utazame mwezi wa kwanza peke yake. Asilimia 12 kwa mwaka ni asilimia 1 kwa mwezi, kwa hiyo riba ya mwezi huo ni 100,000 kamili. Katika 110,100 uliyopeleka benki, ni 10,100 tu iliyopunguza deni. Mwezi wa pili riba inashuka kwa kama 100 hivi, na deni linapungua kwa kiasi hicho zaidi. Ndivyo inavyokwenda, polepole mno. Baada ya miaka 5 utakuwa umelipa takriban 6,600,000, na ukiomba taarifa ya mkopo utaambiwa bado unadaiwa kama 9,170,000. Sehemu inayopunguza deni haiipiti riba mpaka mwaka wa 15. Ukiumaliza huo mwaka wa 15, bado karibu nusu ya deni ipo palepale. Hakuna aliyekuibia: riba hupigwa juu ya deni lililopo, na mwanzoni deni lipo lote.

Ndiyo maana jambo la kujiuliza mapema kabisa ni kama kweli utakaa katika nyumba hiyo. Mtu anayetarajia kuhamishwa kikazi, au ambaye familia yake itaongezeka na nyumba itakuwa ndogo, akiuza baada ya miaka mitano atakuta amelipa karibu riba tupu, pamoja na gharama zote za kununua ambazo hazirudi. Kama bei ya nyumba haijapanda vya kutosha, kupanga nyumba kungekuwa nafuu kwake. Najua kupanga kunasemwa vibaya, kwamba ni kumjengea mwenzio. Lakini riba ya miaka ya mwanzo nayo huendi nayo popote.

Baada ya hapo, shughulika na muda wa mkopo kabla ya kushughulika na kitu kingine chochote. Watu hubishana na benki wiki nzima kuhusu asilimia moja ya riba, halafu wakiulizwa "miaka mingapi?" wanajibu "ile mirefu zaidi" bila kufikiri. Kwa mkopo wetu uleule, miaka 15 ina rejesho la kama 120,000 na jumla ya 21,600,000. Miaka 25 ina rejesho la kama 105,300 na jumla ya 31,600,000. Rejesho limepungua kwa kama 14,700 tu kwa mwezi, na jumla imeongezeka kwa milioni 10, yaani mkopo mwingine mzima. Ukisogea hadi miaka 30, rejesho linashuka kwa 2,500 nyingine hivi, na jumla inapita milioni 37. Kadiri unavyorefusha ndivyo nafuu ya mwezi inavyokuwa ndogo na gharama ya jumla inavyozidi kuwa kubwa.

Hapa ndipo ofa ya riba ndogo inapoweza kukupoteza. Benki moja inakupa asilimia 12 kwa miaka 20, nyingine asilimia 11 kwa miaka 25. Ya pili inavutia kwa namna zote mbili: riba ndogo, na rejesho la kama 98,000. Jumla yake ni 29,400,000, karibu milioni 3 zaidi ya ile ya kwanza. Ofa mbili zisizo na muda sawa usizilinganishe kwa riba. Zilinganishe kwa jumla ya fedha zitakazotoka mfukoni mwako hadi siku ya mwisho.

Riba yenyewe, uliza inapigwa juu ya nini. Kwa mikopo ya nyumba kawaida ni salio linalopungua, lakini wapo wakopeshaji, hasa wadogo, wanaopiga riba juu ya mkopo wote wa mwanzo kila mwaka hadi mwisho, hata ukibakiza mwezi mmoja. Asilimia 12 ya namna hiyo kwa miaka 20 ni riba ya milioni 24 na rejesho la kama 141,700. Ukiigeuza iwe riba ya salio linalopungua, unalipa zaidi ya asilimia 16 kwa mwaka. Tangazo limesema 12, na halijasema uongo.

Halafu uliza kama riba ni ya kudumu au inabadilika. Riba ya kudumu huanza juu kidogo lakini unajua utakacholipa. Inayobadilika hufuata soko, na soko halina adabu. Uingereza, riba ya msingi ya benki kuu ilikuwa asilimia 0.1 hadi katikati ya Desemba 2021. Agosti 2023 ilikuwa imefika 5.25. Wakopaji wengi huko hufunga riba kwa miaka miwili au mitano tu, kwa hiyo waliofika mwisho wa kipindi chao wakati huo walikuta rejesho jipya ambalo hawakuwa wamelipangia. Ijaribu kwenye mkopo wetu: riba ikitoka 12 kwenda 14 mapema, rejesho linapanda kutoka 110,100 hadi kama 124,400. Na kama benki itasema "usijali, rejesho litabaki lilelile, tutaongeza muda tu", piga hesabu tena. Asilimia 14 ya milioni 10 ni kama 116,700 kwa mwezi. Rejesho la 110,100 halifikii hata riba. Kila mwezi utalipa, na kila mwezi deni litakua. Kabla ya kusaini mkopo wa riba inayobadilika, hakikisha mkataba unasema riba inafungamana na kipimo gani, inaweza kubadilishwa mara ngapi, na kama ina kikomo cha juu.

Wale wanaokwepa riba kwa sababu za dini, na kuchukua murabaha, yaani benki hununua nyumba kisha hukuuzia kwa awamu kwa bei yenye faida yake, wana unafuu mmoja: faida ya benki inajulikana siku ya kwanza na haipandi. Lakini nao waulize jumla ni kiasi gani, na kama ukimaliza mapema unapunguziwa sehemu ya faida ambayo muda wake haujafika. Jibu liwe kwenye mkataba, lisiwe mdomoni mwa mhudumu.

Sarafu haihitaji maneno mengi. Kopa kwa fedha unayolipwa mshahara. Familia nyingi za Polandi na Kroatia zilikopa nyumba kwa faranga za Uswisi kwa sababu riba yake ilikuwa ndogo. Tarehe 15 Januari 2015 benki kuu ya Uswisi ilipoacha kuizuia faranga isipande dhidi ya euro, madeni yao yalipanda siku hiyohiyo, bila wao kukopa hata senti zaidi.

Sasa zile gharama ambazo hazimo kwenye rejesho kabisa. Kabla hujaingia ndani ya nyumba unatakiwa uwe na kianzio, ambacho mara nyingi ni asilimia 10 hadi 20 ya bei, na juu yake kuna ada ya kuchakata mkopo, mthamini wa nyumba, wakili wako na wakati mwingine wakili wa benki pia, ushuru wa stempu, usajili wa rehani na uhamisho wa hati. Viwango hutofautiana kati ya nchi na nchi, ila vyote hudaiwa kwa mkupuo mmoja, na mara nyingi hudaiwa ukiwa umeshatoa akiba yako yote kwenye kianzio. Benki nyingine hukuonea huruma hapo: "tunaweza kuziingiza kwenye mkopo." Kataa kama unaweza. Ada ya 300,000 ikiingizwa kwenye mkopo wetu wa miaka 20 utakuwa umeilipa karibu 793,000 mpaka mwisho. Uthamini uliofanywa asubuhi moja unaulipia kwa miaka ishirini.

Kwenye bima kuwa makini zaidi, kwa kuwa kuna za kukufaa na kuna za kuifaa benki peke yake. Bima ya maisha ya mkopaji hulipa salio la deni ukifariki, na kwa mtu mwenye watoto naona ni lazima hata kama benki haikuidai. Angalia kama inagusa pia ulemavu wa kudumu, na kama wanandoa mnaokopa pamoja mmekatiwa wote wawili au mmoja tu. Bima ya moto na majanga hulinda jengo, lakini fidia inaweza kwenda benki kwanza kwa sababu nyumba ni dhamana yao; vyombo vyako vya ndani havimo mpaka uvikatie bima yake. Uliza pia kama unaruhusiwa kutafuta kampuni ya bima mwenyewe. Ile inayoletwa na benki ni nadra kuwa ya bei nafuu kuliko zote.

Baada ya kuingia, nyumba inaanza kula. Kodi ya majengo, kodi ya ardhi pale ilipo, michango ya ulinzi na usafi kama ni nyumba za pamoja, na matengenezo. Mpangaji bomba likipasuka humpigia simu mwenye nyumba. Sasa simu hiyo unajipigia mwenyewe. Kipimo kinachotumika sana ni kutenga asilimia 1 ya thamani ya nyumba kila mwaka kwa matengenezo. Hutaitumia kila mwaka. Utapita miaka minne bila kugusa kitu, mwaka wa tano paa linavuja, nyaya zinataka kubadilishwa, na rangi imebabuka upande wa jua. Kwa miaka 20 hiyo ni sehemu ya tano ya thamani ya nyumba, na hakuna afisa mikopo atakayekuwekea kwenye karatasi yake.

Upande wa pili nao usemwe, maana jumla ya milioni 26 inatisha kuliko inavyostahili. Fedha utakayolipa mwaka wa 18 haina nguvu ya fedha ya leo. Bei zikipanda na mshahara wako ukifuata, rejesho lisilobadilika linazidi kuwa jepesi mwaka hadi mwaka, wakati kodi ya pango ingekuwa inapandishwa. Na mwishoni una nyumba. Hesabu ya haki, basi, inaweka kodi ambayo ungelipa miaka yote hiyo upande mmoja, na riba, ada, bima na matengenezo upande mwingine. Lakini hoja hii ina nguvu kwa mkopo wa riba ya kudumu na mshahara unaopanda. Ukikosa kimojawapo, usiitegemee.

Kipengele kinachoweza kukuokoa kuliko vyote kwa kawaida kimejificha katikati ya mkataba: kulipa zaidi ya rejesho, au kumaliza mapema. Kwenye mkopo wetu wa miaka 20, ukiongeza 10,000 tu kila mwezi kuanzia mwanzo, deni linaisha kwa miaka 15 na unaokoa kama 4,800,000. Ni asilimia 9 tu ya rejesho. Ila inafanya kazi kwa masharti mawili. La kwanza, pasiwe na adhabu ya kulipa mapema, au kama ipo iwe ndogo na yenye mwisho. La pili, fedha ya ziada ipunguze deni la msingi siku ileile. Zipo benki ambazo huiweka ikisubiri rejesho la mwezi ujao, na hapo hujaokoa kitu. Andika maelekezo kwa barua, kisha mwezi unaofuata angalia taarifa ya mkopo kama salio limeshuka kweli. Ukipata bonasi au ukiuza kitu, miaka ya mwanzo ndiyo ya kuitupia huko. Mwaka wa 18 haina faida kubwa, riba karibu yote umeshailipa.

Kwa hiyo unapoenda benki, omba jedwali la marejesho la miezi yote, si la mwaka wa kwanza, na omba barua yenye jumla ya kila kitu: riba, ada, bima, na adhabu za kuchelewa. Mpe wakili ambaye hajatafutwa na benki wala na muuzaji. Na miezi sita kabla ya kusaini, anza kuishi kana kwamba mkopo umeshaanza. Chukua rejesho, ongeza bima na ile asilimia 1 ya matengenezo ikigawanywa kwa miezi 12, toa kodi ya pango unayolipa sasa, na tofauti inayobaki iweke kwenye akaunti usiyoigusa, kila mwisho wa mwezi, bila kuruka hata mwezi wa ada za shule. Ukiona mwezi wa tatu unaanza kuichomoa, punguza bei ya nyumba unayoitafuta kabla hujafikiria kurefusha muda. Ukifika mwezi wa sita haijaguswa, hiyo fedha ni mwanzo mzuri wa kulipia ada za wakili na usajili bila kuziingiza kwenye deni.