Jinsi ya Kubuni Jiwe la Ajabu Lisiloharibu Hadithi Yako

Ukiandika hadithi za ulimwengu wa kubuni, au ukiendesha mchezo wa mezani ambamo wenzako wanaigiza mashujaa, hutakaa sana kabla ya kutaka jiwe lenye nguvu. Wengi huanza kwa kuorodhesha linachoweza: linaponya, linang'aa gizani, linafungua milango, linamrudishia mzee ujana wake. Kufika sura ya tatu msomaji anajiuliza kwa nini wasilitoe hilo jiwe mambo yakaisha. Mimi huanzia upande wa pili: jiwe linakataa nini, na nani anaumia linapotumika. Nitakuonyesha kwa jiwe moja nililolibuni, kivumo. Ukilipenda, lichukue.

Hatua ya 1: Anza na jiwe la kweli

Madini ya duniani yana vituko vya kutosha. Turmalini ikipashwa moto hupata chaji ya umeme, na Waholanzi wa zamani waliitumia kuvutia majivu kutoka kwenye viko vyao. Sinabari ina wekundu wa kupendeza, lakini ndani yake mna zebaki, na waliokuwa wakiichimba ilikuwa ikiwatia sumu. Tanzanaiti ya Mirerani, kaskazini mwa Tanzania, mara nyingi hutoka ardhini ikiwa na rangi ya kahawia. Inapopashwa moto, kwenye nyuzijoto 500 hadi 600 hivi, ndipo buluu inapotokea. Ukiigeuzageuza kabla ya moto, pembe moja inaonyesha buluu, nyingine zambarau, nyingine wekundu wa kahawia. Nayo si ngumu kama watu wanavyodhani: ukiigonga vibaya inapasuka.

Chagua mawili na uyachanganye. Kivumo kimechukua mwili wa tanzanaiti, pamoja na udhaifu wake wote, na tabia ya turmalini ya kubadilika kwa joto.

Hatua ya 2: Lipe kazi moja, kwa sentensi moja

Kivumo hunywa sauti kinapopoa, na huirudisha kinapopashwa moto. Basi. Ukihitaji "na pia" katika sentensi hiyo, una mawe mawili. Moja liweke kwa ajili ya hadithi nyingine.

Hatua ya 3: Andika masharti

Hapa ndipo utumie muda wako mwingi. Masharti ya kivumo ni matatu.

Kwanza, hakichagui. Ukitaka kuhifadhi kiapo cha mfalme, utapata kiapo pamoja na kikohozi cha mlinzi, mbuzi wa jirani na mtoto anayelia nje.

Pili, hurudisha mara moja tu. Sauti ikishatoka imekwenda, na jiwe limepata ufa mpya. Baada ya kupashwa moto mara kadhaa linakuwa vumbi.

Sharti la tatu ndilo linalobeba hadithi yote: sauti iliyonywewa haikusikika kwa yeyote aliyekuwepo. Kivumo hakinakili, kinachukua. Mashahidi wa kiapo waliona midomo ikicheza, wakasikia kimya. Sasa fikiria baraza la wazee lenye kesi ya shamba. Marehemu aliweka wosia ndani ya kivumo. Hakuna anayejua alisema nini, na utasikika mara moja tu. Nani ataruhusiwa kuingia chumbani jiwe linapowekwa motoni? Yule bubu anayesoma midomo, aliyekuwa akichota maji siku hiyo, atapewa hongo kiasi gani? Sijaweka pepo wala joka, na tayari kuna sababu ya watu kuchinjana.

Sharti zuri hukuletea matumizi ambayo hukuyapanga. Jiwe linaloondoa sauti ni mali ya mwizi. Anakuja usiku na punje ya kivumo iliyotoka motoni, kaifunga kwenye kitambaa kinene, anaishika karibu na bawaba wakati inapoa, na mlango unafunguka bila kulia. Hilo lilitokana na sharti, sikulitafuta.

Hatua ya 4: Lizike ardhini kwa sababu

Usiseme tu kwamba ni adimu. Tanzanaiti huchimbwa sehemu moja tu duniani, eneo la kilomita chache wilayani Simanjiro, kwa kuwa hapo mambo yalikutana: mwamba wenye kinywe (grafiti), vanadi kidogo ya kuleta rangi, joto na mgandamizo wa mamilioni ya miaka. Nawe tafuta vitu viwili ambavyo havikutani mara nyingi. Kivumo kinapatikana pale tu lava ya kale ilipofunika ziwa la chumvi lililokauka, na mwamba huo bado una moto chini.

Sasa unganisha na Hatua ya 2. Jiwe likitolewa kwenye mwamba wa moto linaanza kupoa humo humo shimoni. Kwa hiyo sauti ya kwanza linayoinywa ni ya mchimbaji: nyundo, pumzi, tusi, wimbo. Wanunuzi wanataka jiwe tupu, na kulisafisha kwa moto ni kulitia ufa. Matokeo yake machimbo ya kivumo yana sheria ya kimya. Watu wanazungumza kwa mikono, na anayepiga chafya anakatwa ujira. Duara, yaani shimo la kuchimbia, likiporomoka, ndugu wa waliofukiwa hununua mawe yaliyotoka siku hiyo, kwa bei yoyote, wayapashe moto nyumbani.

Hatua ya 5: Weka watu kati ya shimo na soko

Ukikwama, itazame Mirerani. Wapo wanaapolo wanaoingia chini, wenye leseni, madalali, na wanaochekecha udongo uliokwisha kutupwa wakitafuta punje. Serikali ilijenga ukuta wa kilomita zipatazo 24 kuzunguka machimbo, ukakamilika mwaka 2018. Juni 2020 mchimbaji mdogo, Saniniu Laizer, aliiuzia serikali mawe mawili, moja la zaidi ya kilo tisa na jingine la zaidi ya tano, kwa shilingi bilioni 7.7 hivi. Ukuta na tajiri wa ghafla: ukiwa na hivyo viwili, ulimwengu wako una siasa.

Andika watu wanne tu: anayechimba, anayenunua, anayekataza, anayeiba. Kila mmoja aliite jiwe kwa jina lake. Wachimbaji wangu husema "mnywaji". "Kivumo" ni neno la sokoni.

Hatua ya 6: Mpe mtu mjanja alivunje

Msomee rafiki masharti yako, kisha muulize angetajirika vipi kwa udanganyifu. Wangu aliuliza mara moja: kwa nini nisiingie barazani na kivumo cha moto mfukoni, wosia ukitoka kikaunywa tena? Swali hilo halihitaji sharti la nne. Linahitaji mlinzi mlangoni anayepapasa mifuko ya watu akitafuta joto, na siku ya kesi kubwa mlinzi huyo awe na homa.