Kupima nyumba ya kale kwa tepu na timazi, Tabora

Herbert Baker, msanifu wa Ikulu ya Nairobi, alizaliwa Kent, Uingereza, mwaka 1862. Mwaka 1879 aliingia uanagenzi katika ofisi ya binamu yake Arthur Baker, huku akisoma katika shule za Architectural Association na Royal Academy mjini London. Baadaye akafanya kazi kwa msanifu Ernest George, ambako alikutana na msanifu mwingine, Edwin Lutyens. Alifanya pia mtihani wa RIBA, chama cha wasanifu majengo cha Uingereza. Wanagenzi wa enzi hizo walijifunza sana kwa kupima majengo ya kale kwa mkono na kuyachora kwa skeli. Sehemu hiyo ya masomo yao unaweza kuifanya Tabora bila kulipa ada.

Tembe la Kwihara, karibu na mji wa Tabora, alikokaa Livingstone mwaka 1872, linafaa sana kwa sababu ni la udongo, na kuta za udongo haziendi skwea (pembe zake si za nyuzi 90 kamili). Omba ruhusa kwanza. Nenda kati ya Juni na Septemba, maana mvua zikishaanza karatasi zinalowa na mikono inajaa tope.

Beba tepu ya chuma ya mita 30 (ya kitambaa hunyumbuka), nyingine ya mita 5, timazi (uzito wa kuning'iniza kwenye uzi), uzi, chaki, mpira wa maji unaoonyesha ndani, penseli HB, ubao na karatasi za A3. Mwenzako mmoja anatosha: yeye anashika sifuri, wewe unasoma na kuandika. Angalieni mapema sifuri ya tepu iko wapi. Tepu nyingine huanzia kwenye pete, nyingine mbele yake kidogo, na kosa hilo litajirudia katika kila kipimo.

Zunguka jengo lote kabla ya kupima chochote. Kisha chora ramani kwa mkono, kubwa, chumba kimoja kwa karatasi moja ikibidi. Mchoro mdogo hujaa tarakimu mpaka mwenyewe usiweze kuzisoma.

Ukutani laza tepu mara moja kutoka pembe hadi pembe, usome kila mwimo wa mlango na dirisha kutoka sifuri ileile: mita 0.85, 1.75, 3.10. Ukipima kipande kimoja kimoja, vipande 12 vyenye kosa la milimita 5 kila kimoja vinaweza kukupotezea sentimita 6. Tepu ndefu isining'inie hewani, kwa sababu ikilegea inasoma zaidi ya urefu halisi.

Usiache kupima ulalo, yaani kutoka pembe moja hadi pembe ya mkabala. Chumba cha 4.20 kwa 3.60 kilicho skwea kina ulalo wa 5.53. Ukipata 5.60, pembe zimepinda, na ni lazima uzichore zilivyopinda. Pande nne na ulalo mmoja vinatosha kuchora chumba. Ulalo wa pili ni wa kukusahihisha. Wanaoanza huuruka, halafu vyumba vinagoma kukutana kwenye karatasi. Sababu nyingine ya kugoma ni unene wa ukuta. Upime mlangoni, na uandike kama lipu imo au haimo.

Kwa kimo, jaza mpira maji, utoe mapovu yote (povu moja linaharibu kazi nzima), kisha, kwa kuwa maji ya ncha zote mbili hukaa usawa mmoja, upige alama za chaki za usawa huo katika vyumba vyote. Pima kutoka kwenye alama kwenda juu na chini. Usiiamini sakafu. Ukuta wa udongo mara nyingi ni mnene zaidi chini: ning'iniza timazi kutoka juu, pima umbali wa uzi na ukuta kila sentimita 50.

Ukikuta tao, kama katika majengo ya Wajerumani waliofikisha reli Tabora mwaka 1912 na Kigoma 1914, pima upana wake, na kimo chake kutoka mstari unaounganisha miguu ya tao hadi kileleni. Chukua nusu ya upana mara yenyewe, jumlisha kimo mara chenyewe, kisha gawa kwa kimo kilichozidishwa kwa mbili. Upana 2.40 na kimo 0.80 vinatoa nusu kipenyo 1.30. Hesabu hii ni ya tao la duara tu, kwa hiyo hakiki kwa kupima nukta mbili tatu kati.

Chora jioni ileile, skeli 1:50, mita moja iwe sentimita 2. Milango chora 1:10. Anza na penseli. Wino usubiri mpaka urudi kupima yaliyosahaulika. Karatasi chafu za uwanjani ziandike tarehe na uzitunze, hata kama mchoro safi umekamilika.