Kutengana kwa Staha Mnapoishi Ukweni

Mke anayeishi katika nyumba ya wazazi wa mume, akifikia hatua ya kutengana na mumewe, hukabiliwa na mambo mawili kwa mpigo: kumwacha mume kwa muda, na kuondoka katika nyumba ambayo si yake wala si ya mumewe. Mwongozo huu umeandikwa kwa kufuata mazingira na sheria za Tanzania, na mume anayeishi kwa wakwe zake naye anaweza kuufuata.

Anza kwa kuitazama nyumba yenyewe. Nyumba nyingi za Kiswahili, zenye korido katikati na vyumba huku na huku, hazina dari, na kuta za vyumba huishia chini ya kenchi, kwa hiyo neno lililosemwa kitandani hupita juu ya ukuta na kuangukia chumba cha pili. Kunong'ona hakusaidii, kwa sababu mnong'ono ndio unaomfanya wifi atege sikio, na redio inayofunguliwa ghafla saa nne usiku kila mtu anaijua maana yake. Mazungumzo ya kutengana yafanyikie nje, mkiwa mnatembea au mmeketi katika mgahawa wa mtaa wa mbali, na msirudi kabla ya kukubaliana nani atahama, lini, watoto watalala wapi na nani ataambiwa. Simu nayo ni ukuta usio na dari: ikiwa inachajiwa sebuleni, zuia ujumbe usionekane juu ya kioo, kisha badili namba ya siri ya pesa za simu, ambayo huenda shemeji anaikumbuka tangu siku ulipomtuma kwa wakala.

Kuhusu nani aambiwe, idadi iwe ndogo. Kur'ani, katika Surat An-Nisaa aya ya 35, inataja mwamuzi mmoja kutoka kwa jamaa za mume na mmoja kutoka kwa jamaa za mke, na hata kwa wasio Waislamu kipimo hicho kinafaa kuliko kikao cha ukoo mzima ambamo mambo ya chumbani huanikwa mbele ya watu watakaoendelea kukutana nawe misibani na harusini. Mama mkwe lazima aambiwe, kwa kuwa nyumba ni yake, lakini aambiwe na mwanawe mwenyewe. Mke akimtangulia, ataonekana amekuja kushtaki, na mashtaka hudai maelezo. Maneno machache yanatosha: "Mama, mwenzangu atakaa kwao kwa muda. Tumekubaliana sote wawili, na yaliyotufikisha hapa naomba yabaki kwetu." Akichimba zaidi, sentensi hiyohiyo irudiwe bila kuongezwa neno.

Kabla ya kuondoka, kusanya nyaraka kwanza: cheti cha ndoa, vyeti vya kuzaliwa vya watoto, kadi za kliniki na za bima, pamoja na kitambulisho cha taifa. Vyombo vije baadaye, kwa orodha iliyotiwa saini na wote wawili, na vitolewe mchana, kwani kitanda kinachobebwa usiku huzua tuhuma za wizi. Nyumba ya baba mkwe haigeuki kuwa mali ya wanandoa kwa sababu tu mmeishi humo miaka 10, kwa hiyo kama ulichangia kujenga chumba au kuvuta maji, tunza risiti. Kwa mali mliyochuma wenyewe, Mahakama ya Rufani ilikwisha kuamua mwaka 1983, katika shauri la Bi Hawa Mohamed dhidi ya Ally Sefu, kwamba kazi za nyumbani za mke nazo ni mchango.

Andikeni pia tarehe ya kutengana. Kwa Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 kutengana hakuvunji ndoa, ila kutengana kwa hiari kuliodumu angalau miaka 3 ni mojawapo ya mambo ambayo mahakama huyapima kuona kama ndoa imevunjika kiasi cha kutorekebishika. Atakayetaka talaka mahakamani kwa kawaida hupitia kwanza Baraza la Usuluhishi la Ndoa, na hati ya baraza hilo iwe imetolewa ndani ya miezi 6 kabla ya kufungua shauri. Mtoto aliye chini ya miaka 7 sheria inachukulia kuwa ni vema akae na mama yake, isipokuwa ithibitishwe vinginevyo. Na ikiwa mume Mwislamu ametoa talaka rejea, yaani ile ambayo bado anaweza kumrudia mkewe ndani ya eda, Surat At-Talaq inaagiza mke asitolewe nyumbani wakati wa eda, jambo ambalo wakwe wengi hulisahau siku hiyohiyo.

Kama kuna kipigo, achana na usiri wote huu. Sheria ya Ndoa haimpi mwanandoa haki ya kumwadhibu mwenzake kwa kumpiga, kwa hiyo nenda Dawati la Jinsia na Watoto katika kituo cha polisi, chukua fomu ya PF3 ya matibabu, na mweleze unayemwamini.

Ufunguo wa chumba mkabidhi mume mkononi, si mama mkwe wala wifi. Na kwa majirani watakaouliza, semeni wote jibu moja mlilokubaliana mapema: "Yuko kwao."