Kubadili diski katikati ya gemu kwenye PlayStation ya kwanza

Gemu nyingi ndefu za PlayStation ya kwanza, mashine ya gemu ya Sony, hazikutosha kwenye sidii moja ya takriban MB 650. Final Fantasy VII ya 1997 ina diski 3, ya VIII ina 4, Metal Gear Solid ina 2. Mara nyingi kinachojaza nafasi ni video na sauti. Ujumbe wa kukutaka uweke diski inayofuata ukitokea, fuata mpangilio huu.

1. Sevu kwanza. Gemu nyingi hukupa nafasi hiyo kabla ya kubadili, usiipite. Memori kadi, kadi ya kuhifadhia sevu, ina nafasi 15 tu, kwa hiyo acha moja wazi mapema. Umeme ukikatika hujasevu, masaa yako yote yamekwenda.

2. Usizime mashine wala usiguse kitufe cha riseti. Fungua kifuniko tu, subiri diski isimame kabisa.

3. Bonyeza kitovu cha katikati kwa kidole gumba huku ukiinua ukingo kwa vidole viwili. Kitovu kina vigololi 3 vyenye springi vinavyobana tundu la diski. Ukivuta bila kukibonyeza, diski inaweza kupinda na kupata ufa kuanzia kwenye tundu, na ufa huo hauzibiki.

4. Usiache kifuniko wazi ukitafuta diski. Hapa Tabora, kiangazi, vumbi jekundu huingia hata dirisha likifungwa, na lenzi inayosoma diski iko wazi juu kama jicho. Diski ya pili iwe mkononi, imeshafutwa: kitambaa laini cha pamba, kutoka katikati kwenda ukingoni. Usifute kwa kuzungusha! Mkwaruzo unaofuata mzunguko huziba data nyingi mfululizo, mashine ikashindwa kusahihisha, lakini unaokatisha kutoka katikati kwenda ukingoni huvumilika.

5. Iweke, ibonyeze kuzunguka tundu mpaka isikike "tak". Funga kifuniko hadi mwisho, maana kuna swichi ndogo chini yake. Isipobonyezwa, diski haizunguki.

Ikiendelea kuomba diski, soma namba iliyoandikwa juu yake kabla ya kulaumu mashine. Namba ikiwa sahihi, safisha lenzi kwa pamba ya masikio na tone la alkoholi ya isopropili, bila kukandamiza, kisha subiri ikauke. Spiriti yenye rangi huacha utando.

Si kila gemu ya diski 2 hubadilishwa katikati. Resident Evil 2 ina diski moja ya mhusika Leon, nyingine ya mhusika Claire: unamaliza moja, unasevu, unaendelea na sevu hiyo kwenye ya pili.