Jinsi ya kupiga filamu huru kwenye ukungu wa Tukuyu na Mufindi

Filamu huru huku Nyanda za Juu Kusini mara nyingi ina kamera moja, taa mbili za LED na kundi linalolipwa nauli na chakula. Taa kubwa inabaki kuwa anga, na anga la huku lina vituko: asubuhi ukungu, saa nne jua la kuchoma, saa nane mvua. Mpiga picha anayeitwa tena ni yule anayejua kuipanga siku kwa kulifuata.

1. Kagua lokesheni kwa saa ileile mtakayopiga.
Andika mwanga unaingia wapi na unatoka lini. Angalia na mwezi wa kalenda pia. Juni jua la adhuhuri linaegemea kaskazini, Desemba linaegemea kusini. Dirisha la kusini ulilolipenda Desemba halitapata jua kabisa Juni.

2. Maliza makaratasi.
Kibali cha Bodi ya Filamu ni kazi ya prodyuza, lakini omba kukiona. Mjulisheni mwenyekiti wa kijiji mapema. Droni ina kibali chake. Na kama malipo ni madogo, iandikwe kwamba una ruhusa ya kutumia vipande vyako kujitangaza. Hivyo ndivyo vitakavyokutafutia kazi ijayo.

3. Funga mipangilio ya kamera.
Fremu 25 kwa sekunde, shata (muda ambao kila fremu inapokea mwanga) 1/50 ya sekunde. Umeme wetu ni wa 50 Hz, yaani mizunguko 50 kwa sekunde, na shata hiyo inaendana nao, hivyo taa za dukani hazitapepesa. Rangi ya mwanga (white balance) weka 5600 K, yaani Kelvini, usiiachie kamera ijichagulie, maana ukungu ukisogea rangi itabadilika katikati ya shoti. Picha itaelekea buluu kidogo. Kwa Mufindi ya mwezi wa saba, mimi naiacha hivyo hivyo.

4. Pima mwanga usoni.
Hapa ndipo wengi wanapoharibikiwa. Kamera ikiona weupe mwingi inapunguza mwanga yenyewe, na sura ya mwigizaji mweusi inazama. Pima kwenye shavu lake, kisha tafuta mandhari yenye giza nyuma yake: migomba Tukuyu, misindano ya Sao Hill ukiwa Mafinga. Ukimsimamisha mbele ya ukungu mtupu utalazimika kuchagua kati ya sura na anga. Chagua sura.

Tatizo la pili ni kwamba mwanga wa ukungu unatoka pande zote, kwa hiyo uso unakuwa bapa. Rifleka, ubao mweupe wa kurudisha mwanga, haisaidii, inaongeza mwanga uleule. Unachotakiwa kufanya ni kuupunguza upande mmoja: nunua kaniki sokoni, watu wawili waishike karibu na shavu, nje kidogo ya fremu. Kivuli kitatokea, na uso utapata umbo. Taa yako ya LED usiiwashe kutokea upande wa kamera, ukungu utakurudishia weupe. Iweke nyuma ya mwigizaji.

Sogea karibu kwa lenzi pana. Lenzi ndefu, ile ya kuvuta vya mbali, inakuweka mbali na mwigizaji na kupitia ukungu mwingi zaidi, picha inafifia.

5. Anza na shoti pana.
Ukungu hausubiri mtu. Shoti za mbali ziende kwanza. Za karibu mtazimalizia jua likitoka, chini ya shuka jeupe lililotandazwa juu ya waigizaji. Mwombe mwongozaji sini moja ya ndani iwe tayari kila siku kwa ajili ya mvua.

6. Linda lenzi na betri.
Uwanda wa Kitulo uko karibu mita 2,600 juu ya usawa wa bahari, na baridi yake inamaliza betri haraka. Betri zikae mfuko wa ndani wa koti. Kabla ya kuingia jikoni penye moto au chumba cha gesti, toa kadi ukiwa bado nje, funga kamera kwenye mfuko wa plastiki usiopitisha hewa, uiache humo hadi ipate joto la chumba. Matone yatatua juu ya plastiki badala ya lenzi.

Wakati inasubiri, nakili kadi kwenye diski mbili. Kadi isifutwe mpaka mwongozaji ameyafungua mafaili mwenyewe na kuyaona yanacheza.