Jinsi ya kumtazama mtu machoni: mzee, mgeni, mgonjwa na mtoto

Mtu akikuamkia huku macho yake yapo kwenye simu, salamu yake imetoka mdomoni tu. Akikutupia jicho mara moja kabla ya kusema "asalaam aleikum", umejua kuwa amekuona. Wengi wanadhani adabu ya macho mtu huzaliwa nayo. Hufunzwa, na hapa Unguja na Pemba ina masharti yake, ambayo mafunzo ya kazi yaliyoandikwa kwa watu wa nchi nyengine huyaruka kabisa.

Kwanza elewa kuwa macho hayafichiki. Jicho la binadamu lina weupe mwingi pande zote mbili za mboni, wakati sokwe na nyani walio wengi sehemu hiyo ni ya kiza zaidi. Ndiyo maana mtu aliyekaa baraza ya upande wa pili wa njia anajua unamtazama yeye au unaitazama nguo yake. Ukimkata jicho mtu ukidhani hajaona, ameona.

Muda

Mwaka 2016 watafiti waliwaonyesha wageni karibu 500 wa jumba la makumbusho la sayansi, London, video za watu wanaowatazama usoni, wakawauliza ni muda gani unatosha. Wastani ulikuwa sekunde tatu na kidogo. Hakuna aliyependa chini ya sekunde moja, wala zaidi ya tisa. Hao walikuwa wageni mbele ya skrini, hawakuwa wamekaa na mzee wa Wete, kwa hiyo kwetu sekunde tatu zichukue kuwa ndio mwisho. Hesabu kimoyomoyo moja, mbili, tatu, kisha ondosha macho.

Namna ya kuyaondosha ina uzito kuliko muda wenyewe. Yashushe polepole, au yapeleke pembeni kidogo, kwenye mikono yako, kikombe au karatasi iliyo mbele yenu. Usiyarushe juu ya bega la mwenzako, atadhani unamtafuta mtu mwengine. Usiyapeleke kwenye saa. Na usiyashushe kifuani kwa mtu, hasa mwanamke; hilo halina udhuru.

Kupepesa kope ni jambo la kawaida, mara 15 hadi 20 kwa dakika. Asiyepepesa kabisa anakodoa, na kukodolewa macho kunamtia mtu hofu au hasira.

Anayesema na anayesikiliza

Hapa ndipo wengi wanapoharibu, kwa sababu wanafanya kinyume: wakisema wanamkazia mtu macho, wakiambiwa wanaangalia pembeni. Anayesikiliza ndiye atazame zaidi. Anayesema ana ruhusa ya kuangalia kando, na ina sababu yake. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Kyoto walionyesha mwaka 2016 kuwa kutafuta maneno yanayohitaji kufikiriwa kunakuwa kugumu zaidi ukiwa umetazamana na mtu. Kwa hiyo ukitafuta neno, acha macho yende pembeni. Ukilipata, rudi kwenye uso wa mwenzako unapomaliza sentensi. Kurudi huko kunamwambia kuwa zamu ni yake. Usiporudi, atasubiri, na kimya kitakuwa kizito bila ya sababu.

Mbele ya mzee

Simama, na kama umevaa miwani ya jua ivue. Mtazame usoni mara moja tu unapofungua mdomo kusema "shikamoo". Ukitoa mkono, inama kidogo. Macho yatashuka yenyewe, na hapo ndipo mahali pake. Subiri "marahaba". Baada ya hapo macho yakae usawa wa kidevu chake, uyanyanyue akikuuliza kitu na unapomaliza kujibu.

Ukigombwa, macho chini lakini uso ubaki umemwelekea, na jibu lisikike: "naam, babu". Kosa kubwa ni kushusha macho na kugeuza uso kwa pamoja. Kushusha macho ni haya. Kugeuza uso ni kiburi, na mzee hatakuuliza ulikusudia lipi.

Mwanamme na mwanamke kazini

Surat An-Nur, aya ya 30 na ya 31, inawaamrisha wanaume waumini, kisha wanawake waumini, wainamishe macho yao. Anayeishi kwa aya hizo hahitaji kuzungumza na ukuta. Mtazamo wa kazi ni mfupi: mwanzo wa mazungumzo na mwisho, katikati macho ya wote wawili yawe kwenye kitu kinachozungumziwa.

Mtazame mtoa dawa mzuri anavyofanya. Anaiweka pakiti juu ya meza, kidole kwenye maandishi: "Kimoja asubuhi, kimoja usiku, baada ya kula." Yeye na mgonjwa wote wanaitazama pakiti. Akimaliza ananyanyua macho kwa sekunde moja na kuuliza: "Usiku vingapi, mama?" Katika sekunde ile anaona kama mgonjwa amefahamu au ameitikia tu. Asiyenyanyua macho hapo anamrudisha mtu nyumbani na dawa asiyojua kuitumia.

Kwa aliyevaa nikabu, tabasamu linasomeka kwenye macho. Daktari wa Ufaransa, Guillaume Duchenne, alieleza mwaka 1862 kuwa tabasamu la kweli linakaza pia misuli inayozunguka jicho. Mashavu yananyanyuka na pembe za macho zinakunjana. Kwa hiyo kitambaa hakimzuii mtu kukuchekea, na wewe usichukulie kuwa hajakujibu.

Usaili wa kazi

Kijana aliyelelewa kwa haya akienda kuomba kazi hoteli ya Nungwi au Paje, msaili wa desturi nyengine anaweza kuichukulia haya yake kuwa ni kutojiamini. Haya usiitupe, ipangie wakati. Tazama unapoamkia, unapotaja jina lako, na mwisho wa kila jibu. Ukishindwa kutazama macho, tazama katikati ya nyusi. Mtu aliye mbele yako kwa mita moja na nusu hivi ni vigumu kutambua tofauti. Wasaili wakiwa watatu, anza na aliyeuliza, wapitie wengine wawili, umalizie kwa aliyeuliza. Fanya mazoezi nyumbani na dada au rafiki mkiwa mmekaa meza moja, kwa maswali ya kweli, maana peke yako mbele ya kioo hakuna anayekujibu. Usaili ukiwa kwa video, tazama kamera unaposema. Ukitazama picha ya mwenzako, yeye anakuona umeinamisha macho.

Mtoto

Mtoto mchanga anaona vizuri zaidi kitu kilicho umbali wa sentimita 20 hadi 30, ambao ndio umbali wa uso wa mama anaponyonyesha. Simu iwekwe kando wakati huo. Tunalisisitiza hili kuliko yote yaliyotangulia.

Mtoto mkubwa msimpe amri mbili. Nyumbani anaambiwa "usinikodolee macho", skuli anaambiwa "nitazame ninaposema nawe", na akifuata moja anaadhibiwa kwa nyengine. Mwalimu na mzazi wamweleze wazi: kwa mwalimu unatazama anaposomesha, kwa bibi unainamisha. Wapo pia watoto wenye usonji ambao kutazamwa machoni kunawaudhi kweli kweli. Hao wasishikwe kidevu wala kulazimishwa. Wanaweza kusikia kila neno huku wanatazama mkeka.

Na kuna dhana inayowaonea wengi: kwamba asiyekutazama anasema uongo. Utafiti wa miaka mingi haujaipa nguvu. Mkweli mwenye hofu hushusha macho, na muongo aliyejizoesha hukutazama sawasawa. Kwa hiyo kikombe kikivunjika na mtoto akainamisha kichwa, usimhukumu hapo. Mkalishe ubavuni kwako, barazani au ukingoni mwa kitanda, mkiwa mnatazama upande mmoja. Ukae hivyo, punguza sauti, umuulize tena.